Vifaranga wa kienyeji wamepewa dawa ya minyoo, mbona minyoo bado ipo?

Mfugaji, Kongwa:
Ndugu wafugaji, ninaomba ushauri. Nina vifaranga wa kienyeji wa wiki 9 ambao wanakula vizuri lakini hawakui. Mabawa yameinama, vishungi vimepauka, na asubuhi ninakuta kwenye kinyesi vipande vyeupe, bapa, mfano wa punje za mchele. Duka la dawa za mifugo walinipa paiperazini, nikaiweka kwenye maji ya kunywa, lakini vipande hivyo vingali vinaonekana. Je, dawa ni hafifu, au kipimo hakikutosha?

Mtaalamu wa mifugo, Morogoro:
Ndugu, huenda dawa haina kasoro yoyote. Vipande hivyo ni vya tegu, ilhali paiperazini huondoa minyoo mviringo mikubwa ya utumbo mwembamba, yaani askaridia. Kwa tegu hutumika dawa ya kundi jingine, kama vile albendazoli, na kwa kuwa kipimo hutegemea uzito, wapime vifaranga kadhaa kwenye mizani kisha umwone afisa mifugo wa kata akupangie dozi. Kumbuka pia kwamba kifaranga hupata tegu kwa kudonoa sisimizi, mbawakawa wa kwenye kinyesi au konokono waliobeba vijidudu vyake, hivyo kinyesi kikilundikana karibu na banda, maambukizi yatarudi hata baada ya tiba nzuri.

Usiipuuze askaridia, maana vifaranga walio chini ya miezi 3 ndio huumia zaidi. Yai lake likitoka na kinyesi huhitaji takribani wiki 2 za joto na unyevu ndipo liweze kuambukiza. Likishamezwa, kiluwiluwi hujichimbia katika ukuta wa utumbo, ambako paiperazini haimpati vizuri. Ndiyo sababu dozi hurudiwa baada ya wiki 2 hadi 3.

Mama mfugaji, Same:
Mwanangu, mimi nakuomba uanze na sakafu. Inua maranda yaliyo chini ya chombo cha maji uyafinyange mkononi: yakishikamana, hapo ndipo mayai ya minyoo yanapokomaa. Yatoe yote, kausha sakafu, weka mapya, na usiwachanganye vifaranga na kuku wakubwa, kwa sababu mkubwa hubeba minyoo bila kuonyesha dalili na kuimwaga kwa wadogo. Dawa za kuua vijidudu tunazonyunyizia bandani haziyaui mayai hayo kwa urahisi. Ukavu na jua husaidia zaidi. Wape pia mchicha au majani ya lusina, kwani kifaranga aliyepungukiwa vitamini A hushambuliwa kwa urahisi.

Mfugaji, Kongwa:
Ahsanteni sana. Je, nikiona damu kwenye kinyesi, nayo ni minyoo?

Mtaalamu wa mifugo, Morogoro:
Kwa umri huo, shuku kwanza koksidia, ugonjwa wa utumbo unaoletwa na vimelea vidogo sana ambavyo si minyoo, na tiba yake ni tofauti kabisa. Peleka kinyesi kibichi maabara ya mifugo siku hiyohiyo, kwa maana ugonjwa huo huua haraka kuliko minyoo.