Jimbo letu lina naibu waziri, halina mbunge!

Wakuu, hili nimelinyamazia muda mrefu, leo nimechoka.

Mbunge wetu, simtaji jina, kabla ya kuteuliwa alikuwa moto Bungeni. Daraja letu liliposombwa na mafuriko alileta swali la msingi, akaleta na la nyongeza. Bajeti ya wizara husika ilipofika akashika shilingi ya mshahara wa waziri, yaani akazuia usipitishwe, mpaka waziri akatoa ahadi mbele ya Bunge zima. Hansard, kumbukumbu rasmi za Bunge, zipo, kasomeni. Akaapishwa kuwa naibu waziri, tukapiga vigelegele, na daraja halijatajwa tena! Siku hizi akisimama anawasomea wabunge wa majimbo mengine majibu kwamba serikali itajenga "kadiri fedha zitakavyopatikana." Huku kwetu mto ukijaa wanafunzi wanarudi nyumbani na wajawazito wanazungushwa kwa bodaboda kutafuta njia nyingine. Naye anagonga meza kupitisha bajeti isiyo na daraja letu.

Najua mtaniambia yuko ndani, anatupigania kimya kimya. Ndani wapi? Ibara ya 55 ya Katiba ya Tanzania inasema wazi kuwa manaibu waziri si wajumbe wa Baraza la Mawaziri. Maamuzi yanapopikwa yeye yuko nje ya chumba, lakini mdomo wake umefungwa sawasawa na wa waliomo. Tumepoteza mbunge na hata kiti cha kikaoni hatukupata.

Na angekuwa waziri kamili je? Ibara ya 54 inalifanya Baraza kuwa chombo kikuu cha kumshauri Rais. Kushauri tu. Ibara ya 37 inasema Rais halazimiki kufuata ushauri wa mtu yeyote, isipokuwa pale Katiba au sheria inapomtaka. Na ushauri gani ulitolewa, hata mahakama haina ruhusa ya kuchunguza. Kwa hiyo waziri wako anaweza kupigana kikaoni mpaka jasho limtoke, au akasinzia mwanzo mwisho, wewe mpiga kura hutajua kamwe. Akitoka nje lazima atetee kilichoamuliwa, maana ibara ya 53 inawawajibisha wote kwa pamoja. Hilo la kuwajibika pamoja sina ugomvi nalo, serikali haiwezi kuongea kwa sauti ishirini. Ugomvi wangu ni kwa nini sauti hiyo moja imeze na sauti ya jimbo langu.

Ibara ya 63 inalipa Bunge kazi ya kuisimamia serikali kwa niaba yetu. Halafu ibara ya 55 hiyo hiyo inasema mawaziri na manaibu wote lazima watoke miongoni mwa wabunge. Anayesimamiwa na anayesimamia wanakaa ukumbi mmoja na kupiga kura moja! Wabunge wasio mawaziri nao wengi wanautamani uteuzi. Nani atamkaba waziri koo wakati mkeka mpya wa uteuzi unaweza kutoka usiku wowote?

Wala si jambo geni. Tume ya Jaji Warioba ilizunguka nchi nzima ikakusanya maoni ya Katiba mpya, na rasimu yake ikapendekeza mawaziri wasiwe wabunge, wasizidi 15, na Bunge liwathibitishe. Mchakato ukakwama, kura ya maoni iliyopangwa Aprili 2015 haikufanyika, mpaka leo tunazungushwa.

Wakenya walishatoka huko tangu Katiba yao ya 2010. Baraza lao lina mawaziri 14 hadi 22, si wabunge, na kila mmoja anapigwa msasa Bungeni kabla ya kuapishwa. Opiyo Wandayi alipopewa Wizara ya Nishati mwaka 2024 alikiacha kiti cha ubunge cha Ugunja. Ndiyo, wananchi wa Ugunja walikaa bila mbunge zaidi ya mwaka kwa kuwa tume ya uchaguzi haikuwa na makamishna, na hilo ni baya. Lakini Novemba 2025 walipiga kura wakapata mtu wao. Sisi tutampata lini wa kwetu? Na sisemi Bunge lao ni la malaika. Sakata la mbolea feki lilipomkumba Waziri wa Kilimo, Mithika Linturi, kamati ya wabunge ilimsafisha. Ila angalau alisimamishwa mbele yao akajibu.

Kuna wanaosema jimbo lenye waziri hupendelewa miradi. Kama ni kweli basi ni dhuluma kwa majimbo mengine yote, maana kodi tunalipa wote. Kama si kweli, tuambieni tumefaidi nini.

Ninachotaka ni hiki: anayeteuliwa uwaziri au unaibu aachie ubunge, sisi tuchague mwingine. Nyie mnaotetea mfumo huu, nijibuni bila matusi: bajeti ijayo, nani atashika shilingi kwa ajili ya daraja letu?