Naomba ushauri: siku 21 Japani na mama, tukiwa na mwongozaji wetu

Wakuu, habari za leo. Mimi na mama tumedunduliza miaka mingi, na Novemba, majani ya momiji (miti ya maple ya Kijapani) yakigeuka mekundu, tunataka kuzunguka Japani na mwongozaji wetu wenyewe. Mama ana goti bovu, kundi la watu 30 hataliweza.

Njia niliyopanga: Tokyo, Kanazawa kwa bustani ya Kenrokuen, Shirakawa-go yenye nyumba za paa refu la nyasi lililosimama wima theluji isilemee, Kyoto, Koyasan (mlima wenye mahekalu ya Kibudha), kisha Hiroshima na kisiwa cha Miyajima.

Koyasan ndiko moyo wangu uliko. Unalala hekaluni, alfajiri unasikia watawa wakisoma dua zao. Ila sisi ni Waislamu. Chakula chao hakina nyama wala samaki, sawa, lakini mapishi ya Kijapani hutumia sana mirin, kiungo kitamu cha mchele ambacho kina kileo. Aliyewahi kulala huko, je, walikubali kukiondoa ukiwaambia mapema? Na mama ataamkaje kwenye godoro la chini?

Jambo la pili ni bafu za chemchemi za maji moto. Watu huingia bila nguo, na mama hawezi kabisa. Nasikia kuna nyumba za wageni zinazokodisha bafu la faragha. Kama umetumia, nielekeze.

La mwisho, mwongozaji. Tangu 2018 sheria inamruhusu hata asiye na leseni kulipwa kwa kazi hiyo. Nishikilie mwenye leseni? Nichukue mmoja safari nzima, au wa kila mji, huku kwenye treni tukijipeleka wenyewe? Nisaidieni jamani, nataka mama afurahi.