Bili ya dola 30: uende kwa hakimu au kwa msuluhishi?

Wakuu, naomba hoja, jazba tuziweke pembeni.

Mwaka 2002 huko California, mume na mke walijiunga na kampuni ya simu kwa sababu tangazo lilisema simu zenyewe ni za bure. Bili ikaja na kodi ya mauzo, dola 30.22, iliyokokotolewa kwa bei kamili ya dukani. Mwaka 2006 wakafungua kesi, ikaunganishwa na ya wateja wengine wenye kilio hichohicho. Kampuni ikajibu: someni mkataba wenu. Humo imeandikwa kwamba mgogoro unakwenda kwa msuluhishi, yaani mtu wa nje ya mahakama ambaye uamuzi wake unawafunga wote, na kila mteja aende peke yake, si kwa kesi ya kundi. Tarehe 27 Aprili 2011 Mahakama ya Juu ya Marekani, majaji 5 kwa 4, ikaipa kampuni haki. Ndiyo kesi ya AT&T Mobility dhidi ya Concepcion. Sheria iliyotumika, ile ya shirikisho kuhusu usuluhishi, ni ya 1925, enzi za kumwomba opereta akuunganishe.

Msimamo wangu: msuluhishi sina ugomvi naye. Kinachoua dai ni hayo maneno "peke yake". Wakili gani atashika jalada la dola 30?

Mchangiaji wa kwanza
Mtoa mada, umeruka kitu. Mkataba ule uliitaka kampuni ilipe gharama zote za usuluhishi kama dai si la kipuuzi. Msuluhishi akimpa mteja zaidi ya kile kampuni ilichojitolea kumlipa mara ya mwisho ili yaishe, analipwa si chini ya dola 7,500, na wakili wake mara mbili ya ada. Mahakama ya madai madogo nayo iliachwa wazi. Linganisha na kesi za kundi: miaka inakatika, wakili anavuna, wewe unaambulia kuponi. Mimi ningechukua msuluhishi asubuhi na mapema.

Mtoa mada
Hilo sibishi mkuu. Ila piga hesabu upande wa pili wa kaunta. Ukilalamika, kampuni inakurudishia dola 30 zako haraka, na ile 7,500 hailipwi. Walionyamaza wanaendelea kukatwa. Na wengi hunyamaza, kwa sababu bili ya simu nani anaisoma mstari kwa mstari? Kesi ya kundi inawabeba hata hao waliolala.

Mchangiaji wa pili
Kanada waliyapima haya mwezi mmoja tu kabla, Machi 2011, kesi ya Seidel dhidi ya TELUS, kampuni ya simu ya huko. Mteja alidai anatozwa hata muda simu inapoita, kabla haijapokelewa. Nako 5 kwa 4, lakini sehemu ya madai ikaruhusiwa kubaki mahakamani, kwa kuwa sheria ya jimbo la British Columbia ilimpa mlaji haki hiyo. Kumbe kinachoamua ni bunge limeandika nini.

Mchangiaji wa tatu
Niko Nairobi. Sheria yetu ya Kulinda Walaji ya 2012 inasema kipengele cha usuluhishi hakiwezi kumzuia mlaji kwenda Mahakama Kuu. Ni nzuri kwenye karatasi, ila Mahakama Kuu kwa salio la shilingi 300 ni kuua mbu kwa rungu. Afadhali Mahakama ya Madai Madogo: mwisho ni shilingi milioni moja, hukumu ndani ya siku 60, na wakili si lazima. Hata hivyo nauli ya kwenda na kurudi inazidi salio lenyewe.

Mtoa mada
Huku Tanzania unaanza na kampuni yenyewe, ukikwama unapeleka TCRA, mamlaka ya mawasiliano. Ni bure, na hilo nalipenda. Lakini bado unalalamikia bando lako wewe.

Mchangiaji wa pili
Nimalizie ya Kanada. Mwaka 2019 TELUS ilirudi Mahakama ya Juu, safari hii ikidaiwa kwamba ilikuwa ikizidisha kila simu hadi dakika kamili bila kuwaambia wateja. Sheria ya jimbo la Ontario inawalinda walaji wa kawaida, wakabaki na kesi yao ya kundi. Wateja wa biashara wakaambiwa nendeni kwa msuluhishi, mmojammoja. 5 kwa 4 tena!

Mchangiaji wa tatu
Sasa mama wa chipsi aliyesajili laini kwa jina la kibanda, huyo tunamweka fungu gani?