Nyumba ya zamani Mkomani iwe makumbusho: plasta inabambuka, na vyumba tuvipange vipi?

BintiMkomani
Asalaam alaikum. Nyumba ya babu hapa Lamu, warithi wamekubaliana iwe makumbusho madogo. Ukuta wa msana wa tini (ukumbi mrefu unaofuata ua) ulipigwa saruji zamani, sasa unabambuka na kutoa unga mweupe. Boriti mbili zimelegea. Na je, tuweke makabati ya vioo au vyumba vibaki vilivyo?

FundiChokaa
Waalaikum salaam, dada. Unga huo ni chumvi. Jiwe la matumbawe limetoka baharini, na msingi unanyonya maji ya ardhini. Chokaa huyaacha yatoke; saruji huyaziba, chumvi inaganda nyuma yake na kusukuma plasta mpaka inang'oka pamoja na ngozi ya jiwe. Mkiongeza saruji, unyevu utapanda juu zaidi.

Bandueni kwa tindo na nyundo ndogo, mashine msiilete kabisa. Chumvi ifagiliwe kavu kwa brashi. Mkiosha kwa maji inarudi ndani. Acheni ukuta upumue kaskazi nzima, msimu mkavu. Chokaa ikishazimwa (kumwagiwa maji mpaka itulie) ikae chini ya maji wiki 6, miezi 3 ni bora: punje isiyozimika itafumuka baadaye na kuacha vishimo. Kipimo 1 cha chokaa kwa 3 vya mchanga, na mchanga usiwe wa ufukweni. Lowesheni ukuta, pigeni tabaka lisilozidi sentimita 1, mfunike magunia mabichi siku 7. Umaliziaji ni chokaa nyembamba mikono 3 au 4. Rangi ya plastiki italeta balaa lile lile.

Zidaka (vishubaka vya ukutani) zenye nakshi msiziguse kwa tindo.

Mwanamikoko
Boriti huoza pale zinapoingia ukutani, kwa sababu dari linavuja. Zibeni kwanza uvujaji. Kisha dungeni kila ncha kwa bisibisi: ikizama, hiyo imekwisha. Wekeni mihimili ya muda, mbadilishe moja moja. Chagueni mkoko mnyoofu uliokauka, kipenyo kama sentimita 11 hadi 14. Mti mwembamba kuliko huo huitwa mazio, hautoshi. Vyumba vyetu ni vyembamba, kama mita 3 au pungufu, kwa sababu hapo ndipo boriti inapoishia nguvu.

BintiMkomani
Ahsanteni. Juu ya boriti tumwage zege?

Mwanamikoko
Hapana. Uzito utapinda boriti na unyevu utafungiwa humo. Rudishieni vipande vya matumbawe na chokaa, mshindilie.

MtembezaWageni
Kuhusu makabati, angalieni mifano miwili mjini. Makumbusho ya Lamu yako ufukweni, katika jengo lililokaliwa na maofisa wa Kiingereza. Pale kuna vitu vya kuwekewa kabati, kama siwa (baragumu la kifalme) ya Pate, ya pembe ya ndovu, na ile ya Lamu, ya shaba. Nyumba ya Kiswahili, ya karne ya 18, imefanya kinyume: inaonyeshwa kama nyumba. Kwa rai yangu fuateni hii ya pili. Mgeni apite daka (baraza ya mlangoni), tekani (ukumbi wa kuingilia), kiwanda (ua wa ndani), misana miwili, ndipo ndani (chumba cha faragha), aone jinsi sakafu inavyopanda kidogo kila chumba na faragha inavyozidi. Kabati moja katikati ya msana linaua mpango wote. Jiko la juu chini ya makuti nalo msilifanye ofisi, ingawa ndipo penye upepo.

Birika la chooni liwe na maji na visamaki vya kula viluwiluwi vya mbu, na bakuli lake la kaure sakafuni, ili maji yakipungua samaki wabaki na pa kuogelea. Watoto wa shule husimama hapo kuliko mahali pengine popote. Hati za mirathi na vitabu msiviweke kwenye zidaka hata kama ndipo vilipokuwa: ukuta una unyevu. Wekeni nakala, asili ikae kwenye sanduku.

Kabla ya tindo la kwanza, nendeni ofisi ya Makumbusho ya Taifa hapo Lamu na michoro. Mji wa kale uko kwenye Urithi wa Dunia tangu 2001, na kazi bila kibali inaweza kusimamishwa katikati, boriti zikiwa wazi na mvua inakuja. Makubaliano ya warithi pia yaandikwe, yaseme nani analipa chokaa ya kila mwaka.