Natoka sarakasi na uigizaji, nataka kuongeza mazingaombwe ya kuchekesha: nianzie wapi?

MrukajiWaTemeke
Wakuu, habari za jioni. Naomba ushauri wa wanaoijua kazi hii kwa vitendo. Msingi nilionao ni samasoti ya mbele na ya nyuma, kusimama kwa mikono, ngongoti ya mita moja na kurusha mipira mitano. Uigizaji nimesoma miaka miwili. Nataka kutengeneza shoo ya mtu mmoja ya mazingaombwe ya kuchekesha, niipeleke kwenye hoteli za Zanzibar na sherehe za watoto Dar, na Mungu akijalia nje ya nchi. Nianze na mchezo gani, kwa vifaa gani visivyo ghali, na shoo iwe ya dakika ngapi? Na je, nikichanganya fani tatu sitaonekana mtu asiye na fani?

FundiKiiniMacho
Mkuu, naanza na hilo la mwisho kwa sababu ndilo linalowakwamisha wengi. Kuchanganya si kasoro hata kidogo. Cary Grant kabla ya sinema alikuwa kijana wa kundi la Bob Pender, akitembea kwa ngongoti na kuruka sarakasi, na kundi hilo ndilo lililomfikisha New York mwaka 1920. Burt Lancaster alizunguka na sarakasi miaka ya 1930 akiwa na mwenzake Nick Cravat, na walipoingia kwenye filamu wakaendelea kuruka pamoja mbele ya kamera. Penn Jillette alipita chuo cha vichekesho cha sarakasi ya Ringling, akamaliza 1974, ndipo yeye na mwenzake Teller wakajenga mazingaombwe yao ya kuchekesha. Bill Irwin alipita chuo hichohicho, na mwaka 2005 akapewa tuzo ya Tony ya mwigizaji bora wa kiume wa tamthilia. Wote hao waliondoka kwenye sarakasi na kitu kimoja: mwili unaojua uzito wake uko wapi kila sekunde. Hicho unacho tayari.

Usichonacho ni mhusika. Chagua mtu mmoja umvae kuanzia kiatu hadi kofia, tuseme karani nadhifu ambaye vitu vinamgomea. Tommy Cooper wa Uingereza alijulikana kwa michezo inayoharibika mkononi mwake, lakini mikono ile ilikuwa ya fundi kamili. Mchezo wa kuharibika kwa makusudi unataka kwanza uumudu ule unaofanikiwa, la sivyo watu wanaona aibu badala ya kucheka.

Mchezo wa kwanza: kamba inayokatwa na kuungana. Tafuta kamba ya pamba, nene milimita 8 hadi 10, laini. Ukiona ndani kuna kiini kigumu, kivute chote kitoke, kamba ilegee kama utepe. Ile ya nailoni ya kuanikia nguo iache kabisa: inang'aa kwenye taa, inashika mikunjo ya bunda, na ncha zake zinafumuka ukiikata tu. Kata vipande vya mita 1.5, kila ncha uipake gundi nyeupe kidogo uiache ikauke usiku mzima. Kila onyesho linakula kama sentimita 12, kwa hiyo kipande kimoja kinakupa maonyesho matatu kabla hakijawa kifupi mno kuonekana nyuma. Bunda la mita 10 linatoa vipande sita, yaani maonyesho 18. Mkasi uwe mpya na ukate kamba tu. Mkasi uliokwisha kukata karatasi unatafuna pamba, na hapo kimya kinachoingia ni kirefu sana. Siri ya mkono siiweki kwenye uzi wa wazi, nitumie ujumbe.

BiNgongoti
FundiKiiniMacho kasema vizuri, ila kuna jambo linalowaumbua watu wa sarakasi peke yao: ile poda nyeupe ya mikono. Ukitoka kusimama kwa mikono ukashika kamba au kitambaa cheusi, alama za vidole zinabaki pale pale ulipokificha kitu. Mtoto wa miaka saba aliyekaa mbele anaziona. Weka michezo ya mikono kabla ya sarakasi. Kama haiwezekani, tundika taulo lenye maji nyuma ya meza na ufutaji mikono uwe sehemu ya mhusika wako: karani anajipangusa, watu wanacheka, na wewe umesafisha ushahidi.

La pili ni mifuko. Watu wa mazingaombwe hujaza koti kulia na kushoto. Wewe utakuwa unaanguka ili kuchekesha. Kwa hiyo amua leo kwamba vitu vyote vinakaa kulia na maanguko yote yanatua kushoto, na usibadilishe tena. Mfuko wa nyuma uwe mtupu daima, hata sarafu moja isiwemo, maana ukitua juu yake inaingia kwenye mfupa.

Anguko lenyewe: kidevu kifuani, pumzi inatoka, goti linakunjika, unakaa kwenye nyama ya tako la kushoto kando ya kitonoko (mfupa wa mwisho wa uti wa mgongo), halafu mkono mzima unapiga sakafu kwa wakati mmoja na mgongo. Sauti ya mkono ndiyo inayochekesha. Usidake sakafu kwa kiganja ukiwa umenyoosha mkono, kifundo cha mkono kitateguka. Kwenye vigae usianguke kabisa bila mkeka wa walau sentimita 4, tafuta majani au mbao.

MrukajiWaTemeke
Asanteni sana, hilo la poda sikuliwaza kamwe. Vipi upepo wa ufukweni na watu kukaa pande zote? Na kuna wazazi wanaoogopa neno mazingaombwe, wanadhani ni uchawi.

MezaYaMkunjo
Hotelini omba kuliona eneo saa ileile ya shoo siku moja kabla. Upepo wa saa kumi na mbili jioni na wa saa tatu usiku ni vitu viwili tofauti. Geuza jukwaa mgongo wako uelekee ukuta au miti minene, usiuelekeze baharini wala mgahawani, kwa sababu taa za mgahawa zikiwa nyuma yako kitambaa chembamba kinaonekana hadi ndani. Viti vipangwe nusu duara, na kiti cha mwisho kila upande kisiingie nyuma ya mstari wa meza yako. Wakikaa pande zote, toa michezo inayotegemea kuficha nyuma ya mwili, ubaki na kamba na mipira ya sifongo.

Mipira hiyo unaitengeneza mwenyewe: sifongo laini ya mto (ya godoro gumu inarudi haraka mno mkononi), vipande vya mchemraba vya sentimita 6, uvizungushe kwa mkasi mdogo mpaka vipatikane vya sentimita 5. Tengeneza vinane vinavyolingana, ingawa utatumia vinne. Ukivipaka rangi, vioshe mpaka maji yatoke meupe, la sivyo jasho la Unguja litaacha wekundu kwenye kiganja chako na cha mgeni uliyemkabidhi. Mipira ya kurusha ijaze mtama, gramu 110 hadi 130 kila mmoja. Weka mtama kwenye friza siku tatu kabla ya kushona, kwa sababu ya wadudu.

Upangaji wangu kwa shoo ya hoteli ni dakika 12. Dakika ya kwanza hakuna neno hata moja: unaingia, meza inakugomea, unaanguka, kitu kinatokea mkononi. Wageni wa lugha nne wote wameelewa. Kisha mipira ya sifongo na mtu mmoja wa mbele, dakika tatu. Kamba, dakika nne, ikiharibika mara mbili kabla ya kuungana. Unamaliza kwa kurusha mipira na samasoti, kwa sababu baada ya samasoti mikono inatetemeka na pumzi imekatika, huwezi tena kazi ya vidole. Ukitumia maiki ya kichwani, kisanduku chake kifunge kwenye plastiki nyembamba kisiingie jasho, ukivae kwenye mkanda wa lastiki mbele ya nyonga ya kulia. Mgongoni utatua juu yake.

Kuhusu uchawi: sema kiini macho, au mchezo wa mikono, na useme mapema, kabla ya mchezo wa kwanza. Usitumie fuvu, damu, jeneza wala kunuia kwa maneno yasiyoeleweka. Karata ziache nyumbani kwenye sherehe za familia za pwani, wapo wanaozihesabu kuwa kamari. Na kama mtoto analia, usimfuate kumbembeleza. Kaa chini, uwe mfupi kumzidi, umwache mama yake amshike.

SahihiMbili
Upande wa karatasi, kwa kifupi. Bara jisajili BASATA, yaani Baraza la Sanaa la Taifa. Zanzibar ni mamlaka nyingine, BASSFU, baraza la sanaa la huko, na usajili wa bara hauchukui nafasi yake, kwa hiyo iulize hoteli kibali ni jukumu la nani kabla hujapanda boti. Cheti cha uigizaji kutoka TaSUBa, chuo cha sanaa cha Bagamoyo, kinasaidia kwenye maombi ya viza. Nairobi wapo Sarakasi Trust, taasisi inayofundisha sarakasi, ukipita kule omba kuona mazoezi yao.

Mkataba wa nje usome kwa vitu hivi: idadi ya maonyesho kwa wiki na kwa siku, bima inayotaja kuruka kwa jina (bima nyingi za safari zinakataa ajali za sarakasi), tiketi ya kurudi iliyolipwa, nani anagharimia siku ukiumia, na pasipoti inakaa kwako. Begi lote liingie kilo 23. Kamba na sifongo ni nyepesi, kinachomaliza kilo ni ngongoti, kwa hiyo tengeneza za kufunguka vipande viwili kwa bolti. Mkasi uende kwenye begi la mizigo, ukibeba mkononi watakunyang'anya uwanja wa ndege.

BiNgongoti
Naongeza la video ya usaili wa uigizaji. Zitenganishe mbili. Ya kwanza uso wako, simu ikilala, kamera usawa wa macho, dirisha mbele yako, ukuta mtupu nyuma, dakika moja na nusu, bila kuruka hata kidogo. Ya pili ni ya mwili na mikono, ipigwe mfululizo bila kukatwa, miguu ionekane mwanzo hadi mwisho. Video ya mazingaombwe yenye mkato katikati haiaminiki, na ya samasoti isiyoonyesha kutua vilevile. Kwenye wasifu usiandike tu «sarakasi». Andika samasoti ya nyuma kutoka uliposimama, mipira mitano kwa mizunguko mingapi bila kuangusha, ngongoti mita moja, urefu wako na uzito.

MrukajiWaTemeke
Nimezinakili zote. Kesho naingia Kariakoo kutafuta kamba ya pamba. FundiKiiniMacho, nimekutumia ujumbe.

FundiKiiniMacho
Nimeupata. Ukifika dukani kunja kamba juu ya kidole kimoja uiachie: ncha zote mbili zikining'inia zikagusana, nunua. Zikisimama kando kama masharubu, ondoka dukani.