Mjadala: Je, ni kweli kwamba Papa alianza kutawala kisiasa mwaka 538?

Mleta mada

Katika mihadhara ya dini ya hapa kwetu, hasa ile inayoendeshwa na ndugu zetu Wasabato, mwaka 538 hutajwa kuwa ndio mwaka ambao Askofu wa Roma alishika mamlaka ya kisiasa, na kuanzia hapo huhesabiwa miaka 1260 hadi mwaka 1798, jeshi la Ufaransa chini ya jenerali Berthier lilipomkamata Papa Pius VI. Sigusi tafsiri ya kitabu cha Danieli wala cha Ufunuo, kwa kuwa hayo ni mambo ya imani na yana wenyewe. Ninachohoji ni historia peke yake: mwaka huo kulitokea nini pale Roma?

Kilichotokea ni kwamba, mwezi Machi, Wagothi wa Mashariki, taifa la Kijerumani lililokuwa likiitawala Italia, waliokuwa wameuzingira mji kwa mwaka mzima na siku chache walikata tamaa na kuondoka, baada ya kushindwa kuutwaa kutoka kwa Belisario, jemadari wa Justiniani, Kaisari wa Dola ya Roma aliyekaa Konstantinopoli. Lakini katika mzingiro huo huo, Machi 537, Belisario alikuwa amemvua uaskofu Papa Silverio kwa tuhuma kwamba alitaka kuwafungulia Wagothi lango, akampeleka uhamishoni, na nafasi yake akapewa Vigilio. Silverio hakurudi tena kwenye kiti chake, alifia kisiwani. Huyo Vigilio naye hakupona: mwaka 545 alikamatwa kwa amri ya Kaisari na hatimaye akafikishwa Konstantinopoli, na mwaka 551, alipokimbilia kanisani, askari walimvuta kwa miguu na ndevu huku ameng'ang'ania nguzo za altare, hata altare yenyewe ikakaribia kumwangukia.

Wagothi nao hawakuwa wamekwisha, maana mfalme wao Totila aliuteka mji wa Roma mwaka 546 na tena mwaka 550. Ukiniuliza mimi, nitasema kwamba katika miaka hiyo Papa alikuwa dhaifu kisiasa kuliko alivyokuwa Papa Leo Mkuu karne moja kabla yake. Mwaka ninaoupendekeza ni 756, na nitaueleza nikipata wa kunipinga.

Mchangiaji wa kwanza

Ndugu mleta mada, mimi ni Msabato na nimesoma hoja yako kwa utulivu. Unapima mamlaka kwa mwili wa mtu aliyekalia kiti, ilhali sisi tunayapima kwa sheria. Mwaka 533 Justiniani alimwandikia Papa Yohane II akimtambua kuwa kichwa cha makanisa yote matakatifu, na barua hiyo ikaingizwa katika mkusanyo wa sheria za dola. Wakati huo Roma ilikuwa mikononi mwa Wagothi, waliofuata mafundisho ya Ario, yaliyokataa kwamba Kristo ni sawa na Mungu Baba, kwa hiyo sheria hiyo isingeweza kufanya kazi mahali ilipokusudiwa mpaka mzingiro ulipovunjika. Mtu anaweza kuwa na hati ya shamba huku shamba limevamiwa. Siku mvamizi anapotolewa ndiyo siku hati inapoanza kuwa na maana. Tena mwaka 554 Kaisari huyo huyo aliwapa maaskofu wa Italia sauti katika kuwachagua watawala wa majimbo, na Papa akahusishwa na usimamizi wa mizani na vipimo. Hayo si mambo ya sakramenti.

Mleta mada

Mfano wa hati ni mzuri, na nakiri kwamba hilo la mwaka 554 lina uzito kuliko la 538. Ila soma hati yenyewe inasema nini. Kuwa kichwa cha makanisa ni ukuu wa daraja kati ya maaskofu. Hakuna mkoa, kodi wala jeshi lililotajwa humo, na aliyeiandika alikuwa akitafuta kibali cha Roma kwa kauli yake juu ya imani. Kisha tazama mwenye hati alivyotendewa baadaye. Mtu aliyechaguliwa kuwa Papa hakuweza kuwekwa wakfu mpaka kibali kitoke kwa Kaisari: Gregori Mkuu alichaguliwa mwanzoni mwa mwaka 590 akasubiri hadi Septemba. Na mwaka 653, zaidi ya karne nzima baada ya 538, Papa Martino I alikamatwa ndani ya Laterani, makao ya Mapapa wakati huo, na gavana wa Kaisari aliyekaa Ravenna, akashtakiwa Konstantinopoli kama mhaini, akafia Cherson, ng'ambo ya Bahari Nyeusi.

Mchangiaji wa pili

Nami Mkatoliki naomba niongeze, kwa sababu wote wawili mnazungumza kana kwamba mamlaka yalitafutwa. Mwalimu wangu wa historia alikuwa akisema kwamba yaliokotwa njiani. Gregori alipowekwa wakfu, tauni ilikuwa imemuua mtangulizi wake Pelagio II, Walombardi, taifa jingine la Kijerumani lililokuwa limeivamia Italia, walikuwa wakiukaribia mji, na msaada kutoka Ravenna hauji. Nafaka ya kuwalisha watu ilitoka katika mashamba ya Kanisa kule Sicilia. Fedha za kuwatuliza Walombardi zilitoka katika hazina ya Kanisa, hata Gregori akamwandikia mke wa Kaisari kwa uchungu kwamba, kama Ravenna ilivyo na mlipaji wa jeshi, basi yeye ndiye mlipaji wa Walombardi. Mtu wa namna hiyo hajanyakua kitu. Amebebeshwa.

Mchangiaji wa kwanza

Kubebeshwa si kosa, ndugu yangu, lakini wengi waliobebeshwa hawakuutua mzigo hata walipopata mahali pa kuutua.

Mleta mada

Hapo ndipo ninapoachana na mchangiaji wa pili, ingawa kwa habari ya Gregori namkubalia kabisa. Kati ya Gregori na karne ya nane mambo mawili yalibadilika. Katika ugomvi wa kodi na picha takatifu, Kaisari aliyatwaa mapato ya mashamba yale ya Sicilia na Calabria, na mwaka 751 Walombardi chini ya Aistulf wakaiteka Ravenna yenyewe. Papa Stefano II alikwenda Pavia, mji mkuu wa Walombardi, akiwa pamoja na mjumbe wa Kaisari kumwomba Aistulf airudishe miji, wala hakupata kitu. Mjumbe akarudi, Papa akavuka milima ya Alpi wakati wa baridi, na mwaka 754 akampaka mafuta Pipino, mfalme wa Wafaranki, ambaye ukoo wake ulikuwa umeondoa ukoo wa zamani katika ufalme miaka mitatu tu nyuma. Kila mmoja alikuwa na shida ambayo mwenzake aliweza kuiondoa.

Pipino alipowashinda Walombardi kwa mara ya pili, mwaka 756, wajumbe wa Kaisari walimjia wakidai Ravenna, mali halali ya bwana wao. Alikataa, akisema alipigana kwa upendo wa Mtakatifu Petro na kwa ondoleo la dhambi zake. Funguo za miji zikawekwa juu ya kaburi la Petro pamoja na hati ya utoaji. Kwa hiyo Papa alikuwa na mahali pa kuutua mzigo, na mwenye mali alikuwa amesimama mlangoni akiuomba.

Ile hati ya kughushi inayodai kwamba Konstantino, Kaisari wa karne ya nne, alimpa Papa Silvesta nchi za Magharibi nayo ni ya karne hii ya nane, haikutungwa katika ya nne. Msomi Lorenzo Valla aliiumbua mwaka 1440. Kama hati ya 533 ingetosha, ya uongo ingetungwa ya nini?

Mchangiaji wa kwanza

Swali zuri, nami nakurudishia jingine kwa kipimo chako. Umeikataa 538 kwa sababu Papa aliweza kukamatwa na kushtakiwa. Mwaka 799 Leo III alishambuliwa barabarani Roma, akamkimbilia Karolo Mkuu, mwana wa Pipino na mfalme wa Wafaranki, na Desemba 800 akalazimika kujitakasa kwa kiapo mbele yake, siku mbili tu kabla ya kumvika taji. Mbona hilo halikufuti 756?

Mleta mada

Umenibana, na kipimo changu cha kwanza nakiondoa. Ninachobaki nacho ni ardhi: baada ya 756 Papa alibaki na nchi aliyoidai kwa jina la Petro, bila ya Kaisari wa Konstantinopoli, hata pale Mfaranki alipomwamulia kesi. Mwaka 538 hakuwa na hata mji mmoja wa namna hiyo.