Kumfufua marehemu jukwaani bila kuuliza familia ni kukosa adabu!

Wakuu, ndiyo kwanza natoka ukumbini, mikono inanitetemeka. Yule msanii wa majaribio mnayemjua, wa makoti marefu na maelezo marefu zaidi, leo amevuka mpaka. Onyesho eti linahusu uhai na mauti. Jeneza katikati ya jukwaa, moshi wa kukohoza nusu ya Dar, mara kikashushwa kitambaa chepesi na juu yake akatokea baba mkubwa wangu, mpiga solo wa dansi, marehemu. Anatembea! Halafu akaita: "Mama watoto, kahawa!" Mama mkubwa akasimama pale mbele, akaitika: "Abee!"

Ukumbi mzima ukapiga makofi. Walidhani ni mchezo!

Sauti kaitoa kwenye mahojiano ya zamani ya redio, yaliyorekodiwa sebuleni kwao. Ruhusa hakuomba. Onyesho la taswira ya marehemu Whitney Houston, yule mwimbaji wa Marekani, la mwaka 2020, wasimamizi wa mirathi yake walishirikishwa. Sisi tumepewa kadi ya mwaliko na soda. Mjane kamaliza eda, kazoea kulala peke yake, leo kaitwa na projekta. Akaitika "Abee"! Njia nzima ananiuliza kwa nini alimwita kisha akaondoka.

Kibega: Pole mkuu. Ila mama alipwe, ndiye kabeba onyesho.

Mleta uzi: Usinitanie. Mumewe tulimzika Kinondoni, yeye kaitika "Abee"!

Fundi Taa: Mbona ya kizamani hiyo? Pepper, mwanasayansi wa Kiingereza, alitoa mizimu kwa kioo na taa kule London tangu 1862. Tupac, rapa wa Marekani, kafa 1996, taswira yake ikapanda jukwaani kwenye tamasha la Coachella huko huko Marekani 2012 kwa mbinu ya ukoo huohuo.

Mleta uzi: Nani kauliza inavyofanya kazi?

Binti Pwani: Afadhali nyie. Harusini kwetu MC aliomba tusimame dakika moja kumkumbuka babu. Babu yupo meza kuu anakula pilau.

Kibega: 😂😂 Babu alisimama?

Binti Pwani: Alisimama! Hasikii vizuri, akaona wenzake wamesimama.

Msumari: Huyo MC namjua, wa suti ya zambarau. Kwetu alimtaja bibi harusi kwa jina la mke wa zamani.

Dogo Temeke: Anachukua kiasi gani? Nina sendofu mwezi ujao.

Msumari: Usithubutu. Akishapokea advansi, simu haipatikani.